Viatu Mkono wa Kushoto

4 Machi
Daftari hili lilikuwa la Jiografia. Nusu ya mwanzo ni mito na aina za udongo, nimezibana kurasa zake kwa kibanio cha nguo ili nisizione. Mitihani imekwisha na matokeo hayajatoka. Mtu wa namna hiyo si mwanafunzi na si mtu mzima. Mama amesema hataki kuniona nimekaa kama mzigo uliosahauliwa na mwenyewe, kwa hiyo kesho naanza kwenda kwa Mjomba kumchapia muswada wake wa filamu kwenye kompyuta.

Mjomba ni mdogo wake Mama, tumbo moja. Huu ni mwaka wa kumi na tisa anaigiza. Amekuwa askari mara ambazo hata yeye hazikumbuki, daktari wa kuleta habari mbaya, shahidi mahakamani, mlinzi, na maiti mara tatu. Kwenye umaiti ndiko alikopata sifa, kwa sababu nzi alimtua kwenye kope na hakutikisika. Tangu hapo mtaa mzima unamwita Marehemu.

"Marehemu, umeamkaje?"

"Nimeamka. Hiyo tu ni ajabu."

Pia huandika. Filamu za watu zikikwama katikati humwita atie maneno. Jina lake hutokea mwishoni kabisa, karibu na la dereva, wakati watu wameshasimama kutafuta viatu vyao. Lakini hii ya sasa ni yake tangu neno la kwanza, na mhusika mkuu, Baba, amejiandikia mwenyewe.

"Hii suti nimeikata kwa mwili wangu," ameniambia. "Nani mwingine itamkaa?"

6 Machi
Chumba chake kiko nyuma ya kinyozi. Kitanda, meza, kompyuta ambayo feni yake inapiga kelele kama cherehani, na dirisha moja. Huandika kwa mkono kwenye madaftari ya hesabu, yale ya visanduku, kwa kalamu ya wino. Kabla ya kuandika husema kwanza, akitembea kutoka kitandani hadi dirishani. Upande wa kitanda ni mwanamume, upande wa dirisha ni mwanamke. Wakiwa watatu, wa tatu husimama katikati na kuangalia huku na huku. Mimi nachapa na sisemi kitu. Nadhani ndiyo sababu ananipenda.

Hadithi yenyewe ni ya mtu aliyeondoka kwake bila kuaga, akarudi baada ya miaka na kukuta nyumba imejifunza kuishi bila yeye. Sikumuuliza ameitoa wapi. Sote wawili tunajua.

8 Machi, Jumapili
Mama amepaka viatu rangi.

Ni viatu vyeusi vya Baba yangu, jozi aliyoiacha. Aliondoka na vile vya kahawia. Kila Jumapili Mama huvitoa chini ya kitanda, huvipaka, huvisugua, huvirudisha, pua zikitazama ndani ya chumba, kama viatu vya mtu aliyekwisha kuingia. Sijawahi kumsikia akisema anamsubiri. Hupaka rangi tu.

Baba hakuwa anavaa viatu kwenye mvua. Alivivua na kuvibeba. Alisema ngozi ya mguu hukauka yenyewe, ya kiatu hainunuliki mara mbili.

Nilipomweleza Mama hadithi ya filamu alikuwa anapiga pasi. Anafanya kazi kwa dobi, na jioni huleta nyumbani mashati ya ziada. Hakuinua uso. "Afadhali," alisema. "Angalau kwenye filamu amerudi."

11 Machi
Mvua. Kurasa kumi na nne.

13 Machi
Mvua. Mjomba amesema ninachapa kama mtu anayechambua mchele. Nadhani ni sifa.

15 Machi, Jumapili
Mama amepaka viatu rangi.

20 Machi
Nimefanya kosa na sijui kama ni kosa.

Mjomba aliondoka Jumanne kwenda kuigiza udaktari mji mwingine, na huko wakipiga picha simu zote huwekwa kwenye ndoo. Aliniachia daftari la mwisho. "Ijumaa saa sita mchana muswada uwe ofisini kwa Mwongozaji. Saa sita, si saa sita na dakika moja. Yule mama hasubiri hata kivuli chake."

Jana nililiacha daftari dirishani, wazi, nikaenda kumwanulia kinyozi taulo zake maana mvua ilikuwa inashuka. Niliporudi maji yalikuwa yamepita kwenye upenyo wa kioo. Wino umetapakaa wote. Kurasa nyingine niliziokoa, lakini ukurasa wa arobaini na moja ulikuwa bluu tupu, kama anga lililochorwa na mtoto. Ndio ukurasa ambao Baba anarudi na binti yake anamfungulia mlango.

Nilikumbuka kidogo alivyousema akitembea. Binti analia, anaanguka kifuani, kuna maneno marefu kuhusu damu kuwa nzito kuliko maji. Sikuyakumbuka maneno. Simu ya Mjomba ilikuwa kwenye ndoo. Ningeweza kumpigia Mwongozaji kumwomba siku moja, lakini niliiweka simu sikioni na kuitoa mara nne.

Leo asubuhi nikaandika mwenyewe. Nikaandika kitu ninachokijua.

Nilikuwa na miaka kumi na miwili. Ilikuwa mvua kama hii. Nilisikia hodi nikafungua. Alikuwa Baba, suruali imekunjwa hadi magotini, miguu matope, viatu vya kahawia mkononi. Alikuwa ameondoka mwaka mzima. Akasema, "Mama yupo?" Nikasema, "Mama hayupo." Akaangalia ndani kupitia juu ya kichwa changu. Akasema, "Basi nitapita baadaye." Akashuka ngazi. Nikafunga mlango na kufuta matope ya kizingitini.

Hakupita baadaye.

Siku ile sikumwambia Mama kwa sababu nilidhani atapita. Siku ya pili sikumwambia kwa sababu ya kwanza sikumwambia. Sasa ni miaka sita, na kila Jumapili napanga kusema, halafu nasikia harufu ya rangi ya viatu.

Nimeandika hivyo hivyo. Binti halii. Hodi, mama yupo, mama hayupo, nitapita baadaye, tambara. Nusu ukurasa. Saa sita kasoro robo nilikuwa ofisini.

Kuna jambo moja nimeliacha. Halimo kwenye ukurasa, na hata humu sitaliandika.

22 Machi, Jumapili
Mama amepaka viatu rangi. Sikutoka chumbani hadi alipomaliza.

27 Machi
Mwongozaji ametuita. Mimi nilibeba muswada tu. Ni mwanamke mrefu anayetafuna njiti ya kiberiti na kusema polepole. Kampuni ni yake, kwa hiyo akisema ndiyo, imekuwa ndiyo. Aliweka kidole juu ya karatasi.

"Marehemu, hapa kuna kurasa tisini. Themanini na tisa zimeandikwa na mtu anayejua kuandika. Moja imeandikwa na mtu aliyekuwapo. Nachukua filamu kwa ajili ya hii moja."

Mjomba akainama kusoma. Nilimwona macho yakishuka mstari kwa mstari, haraka kwanza, halafu taratibu. Alikuwa anausoma kwa mara ya kwanza. Nikaangalia sakafu. Nilihesabu vigae tisa.

"Asante," akasema Mjomba.

Njiani alinishika bega. "Umeuandika lini?"

"Ijumaa iliyopita. Daftari lililowa."

"Mm." Tukapita nyumba kama tano. "Sikiliza, mjukuu wa mama yangu. Nje tutasema nimeandika mimi. Usinielewe vibaya. Huu si wizi, hii ni kazi. Mimi nimewaandikia watu kumi na hakuna aliyenitaja, nikawa nasema iko siku. Siku yenyewe ndiyo hii, ukiniharibia nitazeeka bure."

Nikasema sawa. Nilifurahi hata. Nilidhani ndivyo wasanii wanavyopokeana.

2 Aprili
Mvua siku sita bila kupumua. Leo Mjomba aliniuliza nimeutoa wapi ule ukurasa, na sijui kwa nini nilimwambia. Labda kwa sababu alikaa kimya kwa muda mrefu, na yeye huwa hakai kimya. Nilipomaliza macho yake yalikuwa mekundu.

"Shemeji alikuja," alisema. "Alikuja na dada yangu hajui."

"Usimwambie Mama."

"Mimi ni Marehemu. Umewahi kuona maiti inaropoka?"

5 Aprili, Jumapili
Mama amepaka viatu rangi.

9 Aprili
Leo ilikuwa siku ya majaribio ya nafasi ya Baba. Nitaandika yote.

Ukumbi ulikuwa mtupu, mlango wa mbao umesimamishwa katikati bila ukuta. Waliokuwapo ni Mwongozaji, mtu wa kamera, na dada wa mavazi. Binti alikuwa bado hajapatikana, kwa hiyo nikaambiwa nisimame mimi nyuma ya mlango na kusema maneno mawili. Nikashika kitasa.

Mjomba akabisha hodi. Nikafungua. Sijui nisemeje. Hakuwa Mjomba. Alikuwa amesimama kama mtu ambaye ameshaomba msamaha njiani kote na sasa umemwishia. "Mama yupo?" Nikasema mama hayupo. Akaangalia juu ya kichwa changu. "Basi nitapita baadaye." Alipogeuka, dada wa mavazi alikuwa anajifuta pua.

Mwongozaji akatoa njiti mdomoni. "Umefanya vizuri. Sijaona vizuri namna hiyo mwaka huu."

Mjomba akatabasamu kama mtoto.

"Lakini siwezi kukupa."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu mlango ukifunguka watu watakuona wewe. Watapiga kelele, 'Marehemu amefufuka!' Ukumbi mzima utacheka. Ndipo filamu yangu itakapofia." Alisema kwa upole, na hilo ndilo lililokuwa baya zaidi. "Wewe umelala vizuri mno kwenye yale majeneza, kaka yangu. Baba atakuwa Nyota. Wewe nakupa mlinzi wa langoni. Una mstari mmoja."

Nyota ni yule ambaye sura yake iko kwenye makopo ya rangi za nyumba. Watu wote wanamjua.

Mjomba akanionyesha kwa kidole.

"Hiki kisa ni chetu," akasema. "Hakikutungwa. Huyu mtoto ndiye aliyefungua mlango. Baba yake mwenyewe, na mama yake hadi leo hajui! Unampa Nyota? Nyota anajua nini? Huyo ni shemeji yangu. Mimi namjua alivyosimama!"

Wote wakanigeukia. Mtu wa kamera akageuka na kamera yake.

"Ni kweli?" akauliza Mwongozaji.

Nikaitikia kwa kichwa. Natamani ningekuwa mwongo.

Akanisogelea. "Unakumbuka alikuwa amevaa nini?" Nikamwambia. "Mvua ilikuwa ya upande gani?" Nikamwambia. Akamgeukia dada wa mavazi. "Huyu anatakiwa kukaa na mimi. Mpe daftari." Wala hakumtazama Mjomba tena. Nimepata kazi, Mjomba amepata lango.

Tulirudi kwa miguu chini ya mwavuli mmoja. Karibu na nyumbani akasema, "Mfa maji haachi kutapatapa."

Nilitaka kumjibu kwamba ametapatapa akanikanyaga mimi. Sikusema. Nimeandika hapa.

12 Aprili, Jumapili
Mjomba amekuja kumwambia Mama kwamba filamu imekubaliwa. Mama akaacha pasi, akampiga begani kwa furaha. "Na wewe ndiye Baba?"

"Nimepewa nafasi nzuri," akasema Mjomba.

Mama akaelewa alivyotaka kuelewa. Nilikuwa mlangoni na sinia la chai. Ningeweza kusema. Nikaweka chai mezani.

Halafu Mjomba akamwomba Mama viatu vya Baba. Dada wa mavazi anatafuta jozi kuukuu ya kiume, iliyovaliwa kweli lakini imetunzwa, na za dukani zinang'aa uongo. Nilidhani Mama atakataa. Alivitoa, akavipaka rangi mara mbili, akavifunga kwenye shuka.

"Vitakupwaya. Wewe miguu yako ya kitoto."

"Nitajaza karatasi mbeleni, dada."

"Ukivaa vizuri, simama wima. Mwenyewe alikuwa anasimama wima."

Mjomba hakunitazama alipotoka.

14 Aprili
Kazi yangu ni kuandika kila kitu kilivyokaa. Kikombe kilikuwa mkono gani, kifungo kipi kilikuwa wazi, pazia limesogea kiasi gani. Mtu huingia mlangoni Jumatatu na kutokea ndani ya chumba Alhamisi, na kwenye filamu ni hatua moja. Nisipoandika, ataingia na mwavuli na kutokea na kofia. Sihitaji kuongea. Nikiona kosa namwandikia Mwongozaji kikaratasi.

17 Aprili
Mvua. Hatukupiga picha. Mtu wa kamera amelala juu ya masanduku.

21 Aprili
Mvua. Mwongozaji amevunja njiti nne.

24 Aprili
Jua saa mbili tu. Nilitaka kumchukia Nyota, hakunipa nafasi. Anamwita Mjomba "kaka mkubwa" na kumpisha kiti. Anaogopa. Hunywa maji kila mara. Leo alishindwa kusema maneno ya ukurasa wa ishirini, akamfuata Mjomba pembeni.

"Kaka mkubwa, hii sentensi inanikaba."

Mjomba, akiwa na sare ya ulinzi na rungu kwapani, akachukua kalamu akamfupishia. Halafu akamwonyesha jinsi ya kuisema. Aliisema vizuri. Nyota akaenda mbele ya kamera akaisema vibaya kidogo kuliko alivyoonyeshwa, na watu wakampigia makofi. Mjomba naye alipiga.

Nimejaribu kuendelea kumkasirikia. Leo nimeweza hadi saa nane mchana.

28 Aprili
Mstari wa mlinzi ulikuwa "Unamtafuta nani?" Mjomba ameufanyia mazoezi wiki mbili, kwa hasira, kwa usingizi, kwa mashaka. Leo Mwongozaji ameufuta. Mlinzi atafungua lango na kukaa kimya.

"Kimya kina uzito," Mjomba alimwambia dada wa mavazi.

"Hata gunia la chumvi lina uzito," yule dada akajibu.

3 Mei, Jumapili
Mama ametoa kopo la rangi kwa mazoea, akakumbuka viatu havipo. Akapaka rangi viatu vyangu vya shule.

5 Mei
Mvua imekatika. Wiki tatu tumeilaani kwa kuharibu picha za nje, sasa zimebaki za lango na mlango tu, na ya mlango inataka mvua, na mbingu ni kavu kama kigae.

7 Mei
Tumepiga picha ya mlango.

Ilikuwa saa nne asubuhi, jua kali. Nyumba waliyoazima ina ngazi tatu kama yetu. Mwanamume mmoja alipanda juu ya paa na mpira wa maji, akaanza kumwaga mvua. Majirani walijaa uani kutazama mvua ya nyumba moja.

Mama alikuja. Sikujua atakuja. Sare ya mlinzi ilikuwa imelowa jana walipojaribu ule mpira wa maji, Mjomba akampelekea aipige pasi, kwa kumwambia ni ya mwigizaji mwenzake. Aliileta imekunjwa vizuri kwenye mfuko, akiwa amevaa kitambaa chake kizuri cha kichwa. Alikuja kumwona mdogo wake akiwa Baba. Akasimama nyuma ya majirani. Sikumwona. Nilikuwa nimeinamia daftari.

"Kamera!"

Hodi. Binti akafungua. Nyota amesimama kwenye mvua ya mpira, suruali imekunjwa, miguu matope, viatu vyeusi mkononi.

Mkono wa kulia.

Sijui ni nini kilichonipata. Kazi yangu ni vikaratasi. Na kwenye muswada mkono haukuandikwa, nilikuwa nimeandika "viatu mkononi" basi. Lakini nilipoona kulia, ilikuwa kama nimeona mtu mwingine amekuja mlangoni kwetu akijifanya yeye.

"Kushoto," nikasema.

Kila kitu kikasimama isipokuwa maji.

"Nani amesema?" akauliza Mwongozaji.

"Viatu. Vilikuwa mkono wa kushoto. Wa kulia aliutumia kubisha hodi, halafu akaushika ukuta."

"Haijaandikwa."

"Lakini ndivyo ilivyokuwa," nikasema, kwa sauti ambayo sijawahi kuitumia hata darasani. "Mimi nilimwona."

Mwongozaji akatazama daftari langu, halafu mimi. "Kushoto," akamwambia Nyota. Nyota akabadilisha mkono. Akashika ukuta. Na hapo ikawa ni yeye kabisa, na nikageuka kwa sababu sikuweza kutazama, na Mama alikuwa amesimama nyuma yangu.

Alikuwa anaangalia viatu. Halafu akaniangalia mimi. Halafu akamwona Mjomba kando ya lango, amevaa fulana ya ndani, anasubiri sare yake. Vyote vitatu, kwa zamu, kama mtu anayesoma polepole.

Akampa dada wa mavazi ule mfuko. "Kola msiikunje," akasema, akaondoka.

Nilirudi nyumbani saa kumi. Alikuwa anapiga pasi. Sikukaa.

"Ilikuwa lini?"

"Nilikuwa na miaka kumi na miwili. Mvua za mwaka uliofuata."

"Alisema nini?"

"Alisema mama yupo?"

"Ukasema?"

"Nikasema hayupo."

Akageuza shati. "Nilikuwa wapi?"

Akaweka pasi wima, akasubiri.

"Kwa fundi cherehani," nikasema.

"Nyumba ya ngapi kutoka hapa?"

"Ya tatu."

"Mlango wake hufungwa mchana?"

"Haufungwi."

"Ungeita hapo hapo ulipokuwa. Hata kwa hiyo sauti yako. Ningesikia."

Hili ndilo nililoliacha. Mwaka mzima alikuwa hayupo, na aliponiona hakuniuliza hata nimeshindaje. Neno la kwanza lilikuwa Mama. Nikaona basi amtafute mwenyewe. Nilitaka akae kwenye mvua kidogo. Kidogo tu, halafu ningeita. Yeye akashuka ngazi.

Nilimwambia Mama hivyo. Alisikiliza hadi mwisho.

"Alikuwa amekonda?" akauliza.

"Kidogo."

"Alikuwa anakohoa?"

"Hapana."

Akachukua pasi. Ilikuwa imepoa, lakini aliendelea kuipitisha juu ya shati, na mikunjo ilibaki pale pale.

8 Mei
Mama amekwenda kazini. Hakuna mvua.

9 Mei
Mama amekwenda kazini.

10 Mei, Jumapili
Mama amelala hadi saa tano. Sijawahi kuona.

13 Mei
Mjomba amekuja. Alisimama mlangoni kwanza, kama anangoja kuambiwa aingie.

"Dada."

"Pita. Umeshazoea kuingia kwa watu bila hodi."

Akakaa. Alisema alidhani wakijua kisa ni cha kweli watampa nafasi, na kwamba hakuwaza zaidi ya hapo. Sikumsikia akijitetea zaidi. Halafu akasema mvua imekula siku nyingi, Mwongozaji amepunguza picha, na ya langoni imeondolewa.

"Hata mlinzi?" akauliza Mama.

"Hata mlinzi. Lango limeachwa wazi. Anaingia mwenyewe."

Mama akacheka kwa pua. "Kwa hiyo kwenye filamu yako mwenyewe umekufa hata jeneza hukupata."

Mjomba naye akacheka, halafu akajifuta macho kwa kiganja, na sikujua kama alikuwa bado anacheka. Nilimwonea huruma na sikutaka. Miaka kumi na tisa. Akatoa kwenye begi daftari jipya la visanduku.

"Nimeanza nyingine," akasema. Hakuweza kujizuia, macho yalikuwa yameshawaka. "Ni ya mwanamke anayesubiri. Kuna filamu humo, dada, nakwambia. Kila Jumapili anatoa viatu..."

Nilidhani Mama atamtupia pasi.

"Mwandike," alisema. "Ila huyo wako asisubiri. Mtafutie kitu kingine cha kufanya."

Mjomba akanigeukia. "Utanichapia?"

"Hapana," nikasema. Nilisema kwa sauti ambayo fundi cherehani angeisikia.

Akafunga daftari, akaondoka. Nilimsikia kule barabarani: "Marehemu, habari za siku nyingi!" Hakujibu kwa utani. Alisema, "Nzuri."

17 Mei, Jumapili
Viatu vimerudi jana. Dada wa mavazi amevifunga kikaratasi chenye namba, na ndani mbele kumejazwa karatasi, maana Nyota naye miguu yake ni midogo. Vimekauka vibaya. Ngozi imepasuka kwenye mikunjo kwa yale maji ya mpira.

Mama hakutoa kopo la rangi. Alikata kikaratasi, akavichukua kwa mkono mmoja, akafungua mlango, akaviweka kwenye ngazi ya juu, pua zikitazama barabara. Kisha akaenda kwa fundi cherehani. Mara ya kwanza tangu mwaka ule Baba alipobisha hodi ameniambia anakokwenda akiwa mlangoni. "Niko nyumba ya tatu," alisema. "Mtu akinitafuta, unajua."

Mbingu ni nyeupe. Nimetoka na daftari la kazini, nikaandika vilivyokaa: jozi moja, nyeusi, kamba zimefunguliwa. Cha kushoto kimetangulia cha kulia kwa upana wa vidole viwili. Kutoka kizingitini ni shubiri moja.

Ili kesho nikivikuta vimesogea, nijue.